Mungu Asiyebadilika, na Sisi Tunaomba Nini?

Kitabu cha Kwanza cha Samweli, sura ya 15, kina jambo linaloweza kumtatiza msomaji makini. Katika aya ya 11 Mungu anamwambia nabii Samweli kwamba anajuta kumweka Sauli kuwa mfalme. Katika aya ya 29 Samweli anamwambia Sauli kwamba Mungu wa Israeli hajuti, maana yeye si binadamu. Na sura inapofungwa, aya ya 35, tunaambiwa tena kwamba Bwana alijuta. Kwa Kiebrania kitenzi ni kilekile mara zote tatu. Mwandishi mtakatifu aliyaona yote mawili, akayaacha yakae pamoja katika sura moja, wala hakuhangaika kufuta mojawapo.

Swali hili si la darasani tu. Linaulizwa jumuiyani pia, ingawa kwa maneno mengine. Tunaposali rozari kwa ajili ya mgonjwa, je, tunatazamia Mungu abadili nia yake? Kama tayari ameamua, kwa nini tusali? Na kama hajaamua, je, anasubiri kuhesabu rozari zetu? Mama aliyemzika mtoto baada ya novena mbili hutuuliza jambo zito zaidi: "Padre, labda sikusali vya kutosha?" Jibu tutakalompa litategemea sana Mungu tunayemfikiria tunapotamka neno "Mungu".

Kanisa limelijibu swali la msingi bila kuyumba. Mtaguso wa Nne wa Laterano, mwaka 1215, ulianza hati yake kwa ungamo la imani linalomtaja Mungu mmoja wa kweli kuwa wa milele, asiyepimika, asiyebadilika, asiyeweza kufahamika kikamilifu, mwenyezi na asiyesemeka. Mtaguso wa Kwanza wa Vatikano ulirudia fundisho hilo mwaka 1870 katika konstitusyo Dei Filius. Kabla ya hapo, Mtaguso wa Nisea wa mwaka 325, ambao hivi karibuni tumeadhimisha miaka 1700 tangu ufanyike, uliwalaani waliosema kwamba Mwana wa Mungu anaweza kugeuka au kubadilika. Mababa wa Nisea waliona mapema kwamba mwana anayebadilika hawezi kuwa Mungu sawa na Baba. Nyuma ya mitaguso yote hiyo yanasimama Maandiko: nabii Malaki katika sura ya 3 aya ya 6, na Mtume Yakobo anayemwita Mungu Baba wa mianga ambaye ndani yake hakuna kugeukageuka (Yak 1:17).

Hapa mafrateri wa mwaka wa kwanza wa falsafa hujikwaa. Wanakutana na Aristotle na kile anachokiita msogezaji asiyesogezwa, kisha wanatoka darasani wakiwa na picha ya kitu kigumu, baridi, kilichokaa juu kabisa bila habari na mtu. Wanakiita "Mungu wa wanafalsafa" na kumpa mgongo. Nawaelewa, lakini picha hiyo ina kasoro. Jiwe halibadiliki kwa sababu lina uhai mdogo mno, au tuseme halina kabisa. Na hata jiwe, ukilipa muda wa kutosha, mvua italimomonyoa. Tunaposema Mungu habadiliki hatusemi kwamba amepungukiwa na mwendo. Tunakanusha kwamba kuna chochote anachokikosa ambacho atakipata kesho, au anacho leo ambacho kesho kitampotea.

Ndivyo anavyofundisha Mtakatifu Thoma wa Akwino katika sehemu ya kwanza ya Summa Theologiae, swali la 9. Kila kinachobadilika hufikia kitu ambacho hakikuwa nacho. Mtoto anakua kwa sababu bado hajawa mtu mzima. Mwanafunzi anajifunza kwa sababu hajui, na mgonjwa anapona kwa sababu afya ilimwondoka. Lakini Mungu ni utimilifu wenyewe wa kuwapo. Ndilo jina alilompa Musa kwenye kijiti kilichowaka bila kuteketea (Kut 3:14). Hakuna nje yake hazina ambayo bado hajaifikia. Kwa hiyo kutobadilika kwa Mungu ni njia nyingine ya kusema kwamba yu hai mno. Upendo wake hauwezi kuongezeka kwa sababu hauna upungufu wa kuongezewa.

Tazama pia jinsi tunavyolitumia neno hili katika Kiswahili cha kila siku. Mke akisema, "Mume wangu amebadilika siku hizi," hakuna anayempongeza. Tunajua kuna tatizo nyumbani. Watu wetu husema Mungu si Athumani, wakiwa na maana kwamba huwezi kumpima kwa kipimo cha binadamu mwenye upendeleo na kusahau. Muumini asiyesoma teolojia hata siku moja anaposema hivyo ameshika nusu ya swali la 9 la Mtakatifu Thoma.

Sasa turudi kwenye majuto ya Mungu. Biblia inazungumza nasi kwa lugha yetu. Inasema Mungu ana mkono, macho, masikio, pua. Na hakuna katekista anayewafundisha watoto kwamba Mungu Baba ana viungo. Vivyo hivyo inasema Mungu anakasirika, anaghairi, anakumbuka, anaamka. Mtakatifu Thoma anatusaidia kutenganisha mambo mawili. Yapo majina ambayo maana yake yenyewe haina upungufu wowote, kama wema, hekima, upendo. Hayo tunamwitia Mungu kwa kweli, ingawa upendo wake unazidi upendo wetu kupita kiasi cha kulinganisha. Na yapo majina ambayo ndani yake mna upungufu, kama hasira au majuto. Hasira yetu ni moyo kupanda kwa jambo lililotujia kutoka nje, na majuto ni kugundua kwamba tulikosea. Haya tunamwitia Mungu kwa mfano, kwa sababu ya matendo yake. Mtu mwenye hasira huadhibu, na mtu anayejuta hutengua alichokifanya. Mungu alipoondoa ufalme kwa Sauli, alitenda kama atendavyo anayejuta. Aya ya 11 na ya 35 zinatuonyesha tendo, na aya ya 29 inatuonya tusije tukadhani kwamba nyuma ya tendo hilo kulikuwa na kosa la hesabu.

Mtu ataniuliza: basi nini kilibadilika? Alibadilika Sauli. Msafiri anayetoka Dar es Salaam kwenda Arusha kwa basi, akishapita Same, kama hakuna mawingu huuona Mlima Kilimanjaro mbele yake. Akifika Moshi uko kulia kwake. Akizidi kwenda, unabaki nyuma. Mtoto aliyekaa dirishani husema mlima unatembea. Mtakatifu Thoma alitumia mfano wa nguzo: mtu akiizunguka, nguzo itakuwa kulia kwake, kisha kushoto, bila yenyewe kusogea hata kidogo. Origene wa Aleksandria, karne ya 3, alipoeleza kwa nini moyo wa Farao ulikuwa mgumu, alisema jua ni hilohilo moja linalolainisha nta na kukausha udongo. Mifano yote huchechemea, na huu wa mlima unachechemea mguu mmoja mkubwa, maana mlima hamjui msafiri wala haumpendi, ila Mungu anamjua Sauli kuliko Sauli anavyojijua. Lakini kwa jambo tunalolitafuta hapa unafaa.

Na si wanateolojia walioanza kusoma hivyo. Nabii Yeremia, katika sura ya 18, baada ya kushuka nyumbani kwa mfinyanzi, anatupa ufunguo. Mungu akitangaza maangamizi juu ya taifa, nalo likatubu, ataghairi mabaya. Akitangaza mema, nalo likaasi, ataghairi mema. Yaani tishio lenyewe lilikuwa na sharti ndani yake tangu mwanzo. Ninawi ilipovaa magunia, Mungu hakugeuka akawa mwema kuliko alivyokuwa juzi. Alimtuma Yona kwa sababu alitaka waokoke, na wao wakafika pale alipotaka wafike. Yona alilijua hilo tangu alipopanda meli kukimbilia Tarshishi. Ndiyo sababu yake ya kukimbia, kama anavyokiri mwenyewe katika sura ya 4 kwa uchungu unaochekesha.

Basi, sala. Mtakatifu Thoma analiuliza swali letu wazi kabisa katika sehemu ya pili ya pili ya Summa, swali la 83: je, inafaa kusali, ikiwa nia ya Mungu haigeuki? Jibu lake ni kwamba hatusali ili tubadili mpango wa Mungu. Tunasali ili tupate yale ambayo Mungu amepanga tangu milele yapatikane kwa njia ya sala. Mungu hapangi matokeo peke yake. Anapanga pia njia na visababishi. Mkulima wa Iringa akisema, "Kama Mungu ametaka nivune mahindi, nitavuna, nilime nisilime," tutamcheka, kwa kuwa Mungu aliyetaka mahindi alitaka pia jembe, mbegu na jasho. Sala ina nafasi yake katika mpango huo kama jembe lilivyo na lake. Ndiyo maana Kanisa halioni aibu kuwa na Misa maalumu ya kuomba mvua katika Misale ya Kiroma. Mvua ile inayonyesha baada ya sala, Mungu aliitaka pamoja na sala yenyewe. Aliwataka waamini waliopiga magoti, wanyeshewe wakijua ni zawadi.

Hapo ndipo sala inapotofautiana na jembe. Jembe hulima bila kujua linalima. Sala ni njia ya watoto. Kristo mwenyewe anasema Baba anajua tunachohitaji kabla hatujamwomba (Mt 6:8), na papo hapo anatufundisha Baba Yetu. Mtakatifu Augustino, akimwandikia mjane tajiri wa Roma aitwaye Proba, aliyetaka kujua namna ya kusali, alimweleza kwamba Mungu hahitaji kuarifiwa shida zetu. Anataka hamu yetu ipanuke kwa kusali, ili tuweze kupokea kile anachotaka kutupa, maana ni kikubwa na sisi ni chombo kidogo.

Tukilielewa hili, mambo kadhaa tunayoyasikia siku hizi yataonekana yalivyo. Yako mahubiri yanayomfanya Mungu kuwa kama ofisa mwenye faili, ambaye ukiongeza kitu bahasha inasogea. Toa sadaka kubwa zaidi, funga siku nyingi zaidi, kemea kwa sauti zaidi, mpaka Mungu "afungue". Wakatoliki nasi tuna namna yetu: barua ya novena inayosema lazima uinakili mara kadhaa la sivyo utapatwa na balaa. Nisingependa kuipaka sukari: hiyo ni ushirikina uliovaa medali. Inamdhania Mungu kuwa na moyo uliofungwa ambao sisi tunauvunja kufuli. Kufunga ni kwema, sadaka ni njema, nadhiri ni takatifu, lakini kazi yake yote ni kwetu sisi na kwa jirani zetu. Hakuna hata moja inayomfanya Mungu atupende asubuhi kuliko alivyotupenda usiku.

Na yule mama? Tumwambie kwa uhakika kwamba sala yake haikupungua idadi. Mungu hakuwa akihesabu. Upendo wake kwa mtoto yule haukuwa ukisubiri mtu wa kuuwasha, na haukuzimika kaburini. Kwa nini mtoto alikufa, sisi hatujui, na Padre anayejifanya anajua amwombe Mungu msamaha. Kitabu cha Hekima kinasema Mungu hakuifanya mauti (Hek 1:13). Kwa hiyo tuwe waangalifu na maneno tuliyozoea msibani, kwamba Mungu amemchukua kwa kuwa alimpenda zaidi. Msemaji ana nia njema, anataka kufariji. Lakini mama anayesikia huweza kuelewa kwamba wanawe waliobaki wanapendwa kidogo, au kwamba upendo wa Mungu ni kitu cha kuogopwa.

Swali la mwisho ndilo gumu kuliko yote, na sitaki kulipita haraka. Kama Mungu habadiliki, basi hapatwi na maumivu. Je, basi anamtazama mama yule kwa macho makavu?

Mwaka 1972 mwanateolojia Mprotestanti wa Ujerumani, Jürgen Moltmann, ambaye ujanani alikuwa mfungwa wa vita baada ya kupigana katika jeshi la nchi yake, alichapisha kitabu kuhusu Mungu aliyesulubiwa. Baada ya Auschwitz, alisema, Mungu asiyeweza kuteseka hawezi kupenda. Wengi wamemfuata, hata miongoni mwetu, na hoja yake inagusa moyo. Nadhani alikuwa sahihi kukataa Mungu mwenye moyo wa barafu. Ila dawa aliyotupa ina gharama kubwa. Mtu aliyetumbukia kisimani hasaidiwi na mwenzake anayetumbukia naye bila kamba. Ikiwa uovu unaweza kumjeruhi Mungu katika umungu wake, basi uovu umefika hadi kileleni, na hakuna tena mahali ambapo haujafika, pa kutuvutia juu.

Imani ya Kanisa inasema jambo la ajabu zaidi. Mwanzoni mwa karne ya 3 Tertuliano wa Kartago, Mwafrika wa kaskazini, alipambana na mafundisho ya Prakseas, aliyesema Baba mwenyewe ndiye aliyeteswa msalabani. Kanisa lilikataa. Lakini Mtaguso wa Pili wa Konstantinopoli, mwaka 553, uliwataka waamini wakiri kwamba aliyesulubiwa katika mwili, Bwana wetu Yesu Kristo, ni mmoja wa Utatu Mtakatifu. Weka hayo mawili pamoja. Nafsi ya Mwana, aliye Mungu kweli, alilia machozi ya kweli kaburini kwa Lazaro, alisikia kiu ya kweli, alikufa kifo cha kweli. Na haya yote aliyapata katika asili ya kibinadamu aliyoitwaa. Mtaguso wa Kalsedonia, mwaka 451, ulisema asili mbili zimeungana ndani yake bila kuchanganyika na bila kubadilika. Umungu wake haukugeuka kuwa kitu kingine ili apate kulia. Alitwaa macho ya kulilia. Yule aliyeshuka kisimani alishuka kweli hadi kwenye tope, na wakati huohuo hakuiachia kamba.

Mtakatifu Bernardo, katika hotuba zake juu ya Wimbo Ulio Bora, alichezea maneno mawili ya Kilatini kulieleza jambo hili: Mungu hapatwi na mateso, lakini si kwamba hawezi kuwa pamoja na wanaoteswa. Baba Mtakatifu Benedikto XVI aliyarudia mawazo hayo katika waraka wake Spe Salvi wa mwaka 2007, namba 39, akieleza kwamba tangu Umwilisho yupo katika kila mateso ya binadamu anayeyabeba pamoja nasi. Huruma yetu sisi huanza kwa kuumia, na mara nyingi huishia hapohapo. Tunalia, tunachoka, tunarudi nyumbani kwetu. Huruma ya Mungu hujulikana kwa kile inachofanya: inaondoa unyonge wa anayehurumiwa, na haichoki.

Hilo tunaliona hata kwa Samweli. Aliposikia habari za Sauli alimlilia Bwana usiku kucha, na baada ya kuachana naye aliendelea kumwombolezea. Hatuambiwi kwamba Mungu alimkemea kwa machozi yale ya usiku wa kwanza. Lakini sura ya 16 inapoanza, anamuuliza ataomboleza hata lini, anamwagiza ajaze pembe yake mafuta aende Bethlehemu kwa Yese, kwa maana miongoni mwa wanawe amekwisha kujipatia mfalme.